Siku za Mawingu Hazikufutwa

Karani wa vipimo wa daraja jipya alikuwa amekaa mahabusu siku mbili, na bado vifungo vyote vya shati lake vilikuwa vimefungwa mpaka shingoni. Inspekta alilitazama shati kabla ya kumtazama mwenyewe. Wengi aliowahoji katika chumba kile huwa wameshaachia kifungo cha juu kufikia siku ya pili. Lakini shati si ushahidi, na kesho Ijumaa, saa tatu asubuhi, jalada la karani lilikuwa linakwenda mahakamani na neno moja juu yake: hujuma. Likithibitika, lingemfunga miaka kumi na mitano.

"Ulifuta tarakimu katika kitabu cha vipimo?"

"Sikufuta, afande."

"Unamjua aliyefuta?"

Karani alishusha macho mezani. "Mimi naandika ninacholetewa."

"Sijakuuliza unaandika nini."

"Nimekusikia, afande."

Kituoni, wenzake Inspekta walimwita Bi Kwa Nini, na hawakumwita hivyo kwa kumsifu. Alikuwa mama wa makamo asiyeweza kuambiwa kwamba chai imepoa bila kuuliza nani aliiacha na alikwenda wapi. Alivuta kiti karibu.

"Kaka yako ana mabasi mawili kwenye barabara ya mzunguko."

"Matatu. Moja bovu."

"Kutoka ng'ambo hii kwenda ile kwa basi ni mwendo wa saa sita. Daraja likifunguliwa, mtu atavuka kwa miguu dakika tano. Hapo kaka yako atampakia nani?"

"Hakuna. Ndiyo maana ameuza moja na kununua lori la kubebea mboga. Muulize."

Inspekta alikuwa ameshamuuliza. Alionyeshwa hata lori lenyewe, limeshapakwa rangi, na ubavuni limeandikwa NG'AMBO SI MBALI. Watu wote pale kwenye ujenzi walikuwa wameyashikilia yale mabasi kama sababu ya hujuma, kwa kuwa mtu akishakamatwa sababu haikosekani. Lakini mwenye kutaka daraja lianguke hanunui lori la kulivuka.

"Unanificha kitu," alisema.

"Afande, umewahi kuona jambo likaharibika kwa sababu limesemwa mapema?"

"Nimeona watu wakifungwa kwa sababu hawakusema."

Karani alitabasamu kidogo, akarekebisha kola ya shati lake.

*

Bonde lile lilikuwa limewashinda watu wa maana. Wa kwanza walijenga nguzo za mawe mtoni, na mafuriko ya mwaka mmoja yakazichukua zote. Wa pili walikuja na kamba za chuma, upepo ukazisokota. Wa tatu walisimama ukingoni, wakachungulia chini, wakarudi na gari lilelile lililowaleta kabla injini haijapoa. Tangu hapo watu wakawa na msemo wao: bonde hili halina kina, lina kiburi.

Hawa wa nne hawakuligusa bonde. Walisimamisha nguzo nene kila upande, juu kabisa, kisha wakaanza kunyoosha mikono miwili ya zege, mmoja kutoka mashariki na mmoja kutoka magharibi, mita nne kwa mita nne, bila kitu chini yake isipokuwa hewa. Kila kipande kikishakauka, jukwaa la kazi linasogezwa mbele na kingine kinamwagwa. Vipande thelathini na sita kila upande. Sasa mikono ilikuwa imebakiza mita tatu kushikana, na Jumamosi ndiyo ilikuwa siku ya kumwaga kipande cha mwisho, kama si Jumanne iliyoharibu kila kitu.

Inspekta alimkuta Mpima katika kontena la ofisi ya mashariki, kofia yake ngumu ikiwa imewekwa sawasawa pembeni ya meza. Mpima alikuwa mtu safi, mkweli, na mwenye uhakika na nafsi yake, na mambo hayo matatu yakikutana kwa mtu mmoja huwapa wenzake kazi.

"Nieleze tena," Inspekta alisema. "Taratibu, kama unamweleza mtoto wa darasa la nne."

"Mkono wa zege ukirefuka, ncha yake inainama kidogo kwa uzito. Kila siku napima kimo cha ncha. Wahandisi wanachukua kimo hicho kuamua kipande kinachofuata kielekezwe juu kiasi gani. Kimo kikiwa cha uongo, mkono unakwenda kombo bila mtu kujua."

"Unapimaje?"

"Kwa darubini na fimbo. Mimi nasimama huku kwenye darubini. Mwenzangu anasimama kule nchani na fimbo yenye tarakimu, wima kabisa. Nasoma, naandika kitabuni kwa penseli. Halafu naandika tena kwenye kijitabu changu cha mfukoni. Mazoea tu. Jumanne nimevilinganisha viwili." Alisogeza vitabu mbele yake. "Tazama mwenyewe. Miezi saba. Mtu amekuwa akifuta vipimo vyangu na kuandika vyake."

"Na athari yake?"

"Kwa hesabu zangu, mkono wetu umejengwa chini kuliko wa magharibi. Sentimita kumi na moja. Ukiunganisha hivyo, umeunganisha ufa." Aliigusa kofia yake pembeni ya meza. "Watu mia tatu wamefanya kazi hii, Inspekta. Hakuna aliyekufa. Unajua hilo ni jambo la kushukuru kiasi gani? Halafu mtu mmoja na raba ya kufutia."

Inspekta alijua kwamba alikuwa akisema kweli, na huzuni ile haikuwa ya kuigiza. "Kwa nini msipime tu ncha mbili sasa hivi, mjue?"

"Majukwaa yamezifunika, kwa macho huoni kitu. Kipimo cha pamoja kilipangwa kesho. Lakini Mhandisi Mkuu amezifunga darubini zote kwa lakiri mpaka upelelezi uishe."

"Kitabu kinapitia mikono ya nani?"

"Mimi. Mshika fimbo, anayekipeleka ofisini pamoja na vifaa. Halafu karani, ambaye ana ufunguo wa kabati. Mshika fimbo ni mama mmoja hivi, tunamwita Wima. Hajui hesabu hizi."

"Kwa nini hajui?"

Mpima alimtazama kana kwamba ameulizwa kwa nini mlango haujui kusoma. "Kazi yake ni kushika fimbo."

"Na mnapima saa ngapi?"

"Saa imeandikwa hapo juu ya kila ukurasa." Aliweka kidole bila kutazama. Saa 12:00 asubuhi. "Ni sharti la fomu."

Inspekta aliinakili ile saa. Aliomba vitabu vyote, daftari la kumwagia zege, meza na tochi.

*

Alizima taa ya kontena, akafunga pazia, akalaza tochi juu ya karatasi ili mwanga upite ubavuni. Penseli hufutika, lakini mkono ulioikandamiza huacha mfereji. Tarakimu za zamani zikajitokeza moja baada ya nyingine chini ya zile mpya.

Alifanya kazi hiyo kwa saa tatu, kwa kuwa hakutaka kuegemea kijitabu cha Mpima, na hakuna njia ya mkato katika kusoma kilichofutwa. Siku za kupima zilikuwa mia moja arobaini na saba. Siku zilizofutwa, mia moja na tisa. Kila mahali palipofutwa, tarakimu mpya ilikuwa ya juu kuliko ya zamani. Haikuwahi kuwa ya chini hata mara moja. Mwezi wa kwanza tofauti ilikuwa milimita moja, mbili. Mwezi wa saba, mkono ulipokuwa mrefu, ilifika ishirini na nane.

Inspekta aliegemea kiti. Mharibifu hana haja ya kuwa mpole hivyo. Angeongeza sentimita tano siku moja akaenda zake. Huyu alikuwa amekwenda na daraja hatua kwa hatua, akiongeza kadiri linavyokua, kama mama anayekunjua pindo la gauni la mtoto.

Lakini kilichomsumbua zaidi ni zile siku thelathini na nane zisizoguswa. Kwa nini aziache? Hazikuwa Jumatatu wala Ijumaa. Hazikuwa za zamu moja. Alifungua daftari la kumwagia zege, ambamo mafundi huandika kila siku hali ya hewa, maana zege na jua havipatani. Akaanza kulinganisha tarehe.

Siku ya kwanza isiyofutwa: mawingu. Ya pili: mawingu. Ya tatu: mvua asubuhi. Ya nne: mawingu mazito.

Aliendelea mpaka mwisho, kidole kimoja huku na kingine kule. Siku thelathini na sita kati ya thelathini na nane hazikuwa na jua. Na siku zote zilizofutwa, bila kubakiza hata moja, zilikuwa na jua.

Kwa hiyo aliyefuta hakuwa akipambana na Mpima. Alikuwa akipambana na jua. Inspekta alikumbuka ubao wa kukatia nyama aliouanika juani nyumbani kwake ukajipinda upande mmoja. Daraja nalo, likipashwa moto mgongoni, lingejipinda ncha yake ishuke. Jua likikosekana, halijipindi, na hakuna cha kusahihisha.

Lakini hapo palikuwa na fundo. Kama Mpima anapima saa kumi na mbili asubuhi, jua linatoka wapi?

Alirudi kwenye ile saa juu ya ukurasa, safari hii akaisogezea tochi. Kisha ukurasa wa pili. Kisha wa mia. Saa 12:00 asubuhi, Saa 12:00 asubuhi, zote sawa, na hakuna hata moja iliyokuwa na mfereji wa penseli. Saa ile haikuandikwa na mtu. Ilikuja na fomu kutoka kiwandani, imeshapigwa chapa.

Zikabaki siku mbili. Siku mbili za jua kali, na bado hazikufutwa. Mpelelezi mwingine angezisamehe, siku mbili katika mia moja arobaini na saba. Inspekta alizichukua zikamwongoza mpaka getini.

*

Daftari la getini lilikuwa limekaa katika kibanda cha walinzi, limefungwa kwa kamba ili lisitembee. Saa kumi na moja jioni ndiyo ilikuwa imeingia, na mlinzi wa usiku alikuwa amefika mapema, mtu mnene mwenye sauti nyembamba na buti zilizong'arishwa.

"Basi la wafanyakazi wa mashariki linaingia saa ngapi?" Inspekta aliuliza huku akifunua.

"Saa mbili na robo, Inspekta. Wanatoka mjini, mbali. Halafu kuna kuitwa majina, halafu mafunzo ya usalama, halafu chai. Mpaka waguse kazi, saa tatu na nusu. Wale wa magharibi ndio wana raha, kambi yao iko palepale darajani."

"Na fomu za vipimo zilitungwa upande gani?"

"Magharibi. Vitu vyote vya karatasi vinatoka magharibi."

Inspekta alizitafuta zile siku mbili. Tarehe ya kwanza: basi limeingia saa kumi na moja na nusu alfajiri. Tarehe ya pili: saa kumi na moja na dakika ishirini.

"Siku hizi mbili kulikuwa na nini?"

Mlinzi alichungulia. "Wageni wakubwa kutoka makao makuu. Watu wote walitolewa kitandani gizani kuja kufagia."

Ndiyo hivyo. Siku mbili tu katika miezi saba wale watu wa mashariki walikuwa darajani kabla ya jua, na siku hizo mbili kipimo cha Mpima kilikuwa sahihi, na aliyefuta alikiacha. Kwa maneno mengine, aliyefuta alikuwa na kipimo chake mwenyewe, cha kila alfajiri. Karani alikuwa akifika na basi la saa mbili na robo. Asingeweza.

Inspekta alifunua kurasa tena, sasa akitazama mistari ya juu tu. Kila siku, saa kumi na moja na nusu, kulikuwa na mwandiko uleule: Mama Wima. Sababu: chai ya mlinzi. Kutoka: saa kumi na mbili na nusu.

"Huyu Wima ni nani kwako?"

Mlinzi alisimama wima yeye mwenyewe. "Mke wangu, Inspekta."

"Chai ya saa nzima?"

"Huwa ya moto sana."

Inspekta alifunga daftari. Kupima kunahitaji watu wawili, mmoja kwenye darubini na mwingine kwenye fimbo, na alfajiri hapo ndani walikuwa wawili tu. Aliuliza polepole, kama anayeulizia njia, "Ninyi wawili, nani alikuwa anashika fimbo?"

Mlinzi alitazama buti zake. Alitazama geti. Mwisho akaona hakuna pa kutazama tena.

"Mimi," alisema. "Mimi nashika tu, Inspekta. Hata nyumbani ni hivyohivyo. Ananiambia simama hapa, nasimama. Ananiambia usipumue, sipumui. Siku moja mbu aliniuma puani na sikumfukuza."

Akiwa bado anasema, mkewe alitokea njiani na kikapu cha chakula cha jioni, mama mrefu wa miaka arobaini na kitu, shingo imenyooka. Aliwatazama wote wawili, akaliona daftari mikononi mwa Inspekta, akakiweka kikapu chini.

"Ameshakuambia," alisema.

"Ameniambia alivyoshika. Wewe niambie kwa nini."

Wima aliketi kwenye benchi la kibanda. Hakulia wala hakujitetea. Alianza kwa kushukuru, jambo ambalo Inspekta hakulitegemea. "Nimeshika fimbo miaka kumi na tisa. Barabara, mabwawa, na hili. Kazi yangu ya pili nilikuwa na mpima mmoja, mama wa watu, Mungu amzidishie. Mvua ikinyesha tukijibanza, ananiambia njoo, tazama. Alinifundisha darubini, akanifundisha na jua. Aliniambia: usimwamini daraja aliyekwisha amka. Asingekuwa yeye, ningekuwa mti tu wenye miguu."

"Ulimwambia Mpima?"

"Wiki ya kwanza. Akasema, mama, kazi yako kushika fimbo. Hakunitukana. Alisema kwa upole, na huo ndio uliniuma. Nikaandika karatasi nikaitia kwenye sanduku la maoni. Nikaambiwa nipitie kwa Mpima."

"Ukaamua kufuta."

"Nikaamua kupima. Mume wangu ana ufunguo wa ghala la vifaa, nikamwomba. Kufuta kukaja baadaye, njiani, nikibeba kitabu kumpelekea karani." Aligeukia upande wa bonde. "Mama yangu anakaa ng'ambo ile, Inspekta. Nikisimama kwenye ncha na fimbo, naliona paa lake. Kila siku naliona, na namfikia mara mbili kwa mwaka. Nisingekubali mikono hii ikutane kombo mbele ya macho yangu kwa sababu ya fomu."

"Na karani?"

Hapo ndipo shingo yake ilipoinama. "Nilijipa mpaka Jumamosi. Nikijitokeza kabla, nani atamwamini mshika fimbo? Wangetupa hesabu zangu, wabomoe. Nikasema waunganishe, kisha nijisalimishe."

"Naye alale sakafuni siku tano."

"Ndiyo. Nimefanya hilo, na ni baya. Sili, silali."

Mlinzi alimwekea mkono begani, akauondoa, akauweka tena. Inspekta aliandika kila neno, akamsomea, akamwambia atie sahihi. Kisha akaenda kumtafuta Mhandisi Mkuu, kwa sababu maelezo ya mtu mmoja, hata yakiwa matamu namna gani, bado si daraja.

*

Ijumaa, saa kumi na moja na dakika arobaini alfajiri, lakiri ilikatwa mbele ya mashahidi. Mhandisi Mkuu, mzee mfupi aliyekuwa amekaa na bonde lile miaka sita na kuota mvi zake hapohapo, hakuwa amesalimia mtu.

"Mama," alimwambia Wima, "ungekosea, ungeua watu. Unalijua hilo?"

"Nalijua, Injinia."

"Mbona hukuja kwangu?"

"Karatasi yangu iko kwenye sanduku lako. Ya mwezi wa kwanza."

Mzee aliinamisha kichwa. Akamgeukia Mpima. "Pima. Ncha zote mbili. Sauti ya juu, Inspekta asikie."

Wima alikwenda nchani na fimbo. Akaitegemeza juu ya msumari wa kipimo, akasimama nayo, akatulia kabisa. Mpima aliinama kwenye darubini. Alisoma mashariki mara tatu, kisha Wima akapita na fimbo juu ya ubao wa majukwaa kwenda magharibi, Mpima akasoma mara tatu tena. Chini yao mto ulikuwa bado gizani, lakini juu kulishaanza kupambazuka. Kama Mpima alikuwa sahihi, tofauti ingekuwa milimita mia moja na kumi, na karani angepanda gari la mahakamani asubuhi hiyohiyo.

Mpima alitoa hesabu kwenye karatasi. Akaitoa tena. Akampa Mhandisi Mkuu karatasi, na mzee ndiye aliyesoma.

"Milimita nne."

Hakuna aliyeshangilia. Fundi mmoja wa nondo alivua kofia yake ngumu, halafu wa pili naye akavua. Mhandisi Mkuu aliiweka ile karatasi kifuani, akaangalia mbele kwenye zile mita tatu za hewa, macho yake yakalowa na hakujisumbua kuyafuta.

"Miaka sita," alisema. "Waliniambia bonde hili halivukiki. Nikajibu litavukika, kwa ubishi tu, mchana nabisha na usiku naogopa. Kumbe kuna mtu alikuwa anaamka saa kumi kunisaidia na sikumjua." Alimwendea Wima, akamshika mkono uliokuwa bado umeshika fimbo. "Ahsante, mama. Sina neno jingine."

Kisha akamgeukia Inspekta. "Mlalamikaji ni mimi, siyo?"

"Ni wewe."

"Nipe hiyo karatasi ya kuondoa malalamiko. Na raba ya kufutia ni kosa, liandike, asije mwingine akajifunza. Nitalishughulikia mimi mwenyewe kazini."

"Nimeshaliandika," Inspekta alisema.

*

Mpima hakurudi na wengine. Aliomba aachiwe darubini mpaka saa tatu na nusu, saa yake ya siku zote. Aliporudi kwenye kontena jua lilikuwa limechachamaa, naye amevua kofia yake na kuishika mkononi.

"Imeshuka," alimwambia Inspekta. "Milimita ishirini na nane. Nimeiona ikishuka kwa macho yangu. Miezi saba nimekuwa nikisaini saa kumi na mbili asubuhi huku nimeshakunywa chai." Alikaa kwenye kona ya meza. "Sikusema uongo hata siku moja. Sikusoma tu juu ya ukurasa."

Wima alikuwa amesimama karibu na dirisha, hajakubali kuketi. Mpima alimwendea.

"Uliniambia wiki ya kwanza."

"Nilikuambia, bosi."

"Ningekusikiliza wewe, karani asingelala ndani. Hilo ni langu, si lako. Na daraja hili si langu, ni lako. Nashukuru hukunisikiliza mimi."

Gari la polisi likaingia. Karani akashuka, vifungo mpaka shingoni, akipepesa macho kwa mwanga. Wima alimwona kupitia dirishani, na yule mama aliyesimama miezi saba juu ya bonde bila kutikisika akashika meza kwa mikono miwili. Karani aliingia, akasalimia wote, akaenda moja kwa moja kwenye kiti chake na kuvuta droo kuona kama vitu vyake vipo.

"Kaka," Wima alisema, "mimi ndiye niliyefuta. Umekaa ndani kwa ajili yangu. Sijui nikuombe msamaha kwa maneno gani."

"Najua ni wewe, dada. Nimejua tangu mwezi wa kwanza. Nne zako zina mkia."

Inspekta, aliyekuwa akifunga jalada, aliacha kulifunga. "Kwa nini hukuniambia?"

"Ningekuambia nini, afande? Vipimo vilipoanza kufutwa, hesabu zilianza kutoka sawa. Kabla ya hapo, nikilinganisha vimo na mpango wa wahandisi, nilikuwa nairudia hesabu mara tano na haikubali. Mara ikaanza kukubali. Mimi sijui mambo ya jua, najua hesabu. Nikasema, aliyenipunguzia kazi hivi, mimi nitamwuza?" Akamtazama Wima. "Mke wangu kanuna. Huyo utamwomba msamaha wewe mwenyewe, mimi siwezi."

"Nitakwenda leo."

"Nenda na maneno mengi."

Mlinzi, ambaye zamu yake ilishaisha tangu saa moja na hakuna aliyemfukuza, alicheka peke yake mlangoni. Karani alikuwa ameshafungua kitabu cha vipimo ukurasa mpya. Juu yake palikuwa pamepigwa chapa Saa 12:00 asubuhi, na safari hii ilikuwa kweli. Alinakili kimo cha mashariki, akanakili cha magharibi, akaandika tofauti. Akafika kwenye safu ya jina la mpimaji, akainua kichwa kumtazama Mpima.

"Mimi nimesoma tu," Mpima alisema. "Andika yeye."

Karani alishusha macho kitabuni, akayainua tena, uso umemjaa haya. Alikuwa amepokea kitabu kutoka mikononi mwa mama huyu kila siku ya kazi kwa miezi saba, na sasa ndiyo kwanza analitambua hili.

"Dada," alisema, "Wima ni la kazini. Jina lako la shuleni nani?"

Akamtajia, la kwake na la baba yake. Karani akaliandika lote kwa kalamu ya wino, polepole, kisha akamgeuzia kitabu atie sahihi.